Kuiga na Kuigiza: Mzee Ojwang' na Mdomo wa Jirani

Mhadhara kwa walimu wa maigizo na vijana wa jukwaani wa Kitui na Makueni, uliotolewa mjini Wote



Naanza na betri ya lori. Sokoni kwetu, mwendo wa saa moja kwa miguu kutoka Emali, palikuwa na duka moja tu lenye televisheni, na hiyo ilikuwa miaka ya 1980. Stima haikuwa imefika. Siku ya kipindi cha Vitimbi ikikaribia, mwenye duka aliituma betri yake Emali ikachajiwe, ikaja imefungwa kwa mpira nyuma ya baiskeli. Jioni ile televisheni iligeuzwa itazame nje. Sisi watoto tuliketi mavumbini, akina mama juu ya magunia, wazee kwenye fomu. Antena ilikuwa imechomekwa kwenye mti mrefu wa mkalitusi, na palikuwa na kijana ambaye kazi yake ilikuwa kuizungusha huku tukimpigia kelele: bado, bado, rudisha kidogo, hapo hapo! Picha ikitulia, anatokea Mzee Ojwang', mwenye miwani mikubwa na koti linalompwaya. Kabla hajafungua mdomo, soko zima limeshaangua kicheko.

Nyuma ya watu wote aliketi mzee mmoja aliyekuwa amestaafu kazi ya reli. Alikaa Kisumu miaka mingi na Kijaluo alikijua cha kumtosha. Yeye hakucheka nasi. Alimsikiliza Ojwang' amefumba macho, kisha akatutangazia kwamba huyo ni mtu wa Siaya, wala hana shaka. Tulimwamini, kwa sababu alikuwa ametembea na sisi tulikuwa hatujafika hata Sultan Hamud.

Mzee Ojwang' Hatari hakuwa mtu wa Siaya. Jina lake lilikuwa Benson Wanjau, na alikuwa Mkikuyu. Nilipolijua hilo, miaka mingi baadaye, yule mzee wa reli alikuwa amekwisha kuzikwa, na jambo la kwanza lililonijia lilikuwa kumwonea fahari. Sikio lake halikukosea. Lilisikia Kijaluo kilichokuwamo kweli. Aliyekuwa hayumo ni Mjaluo.

Mhadhara wangu wa leo unasimama hapo, na nimeuwekea maneno mawili ambayo lugha yetu imeyatenganisha kwa silabi moja: kuiga na kuigiza. Kuiga anaweza hata kasuku. Unasikia mlio, unaurudisha. Kuigiza kuna mnyambuliko ndani yake, kuna kitu kinachofanyizwa: unaufanya mwili wako uzae mtu ambaye hakuwepo. Waswahili husema mwigizaji amevaa uhusika, na neno hilo la kuvaa nalipenda, kwa sababu nguo huvaliwa na mwili mzima. Hakuna anayevaa nguo kwa mdomo.

Waingereza wana jina maalumu kwa mwigizaji wa namna ya Wanjau. Si yule kijana mzuri anayempata binti mwisho wa hadithi, wala si shujaa mwenye upanga. Ni yule anayekuwa karani, mpishi, hakimu, jirani mchokozi, babu aliyelewa. Uso wake unaujua na jina lake hulijui. Leo amekufa ukamlilia, kesho yuko hai katika hadithi nyingine na sauti nyingine, na humkumbuki. Mimi humwita mwigizaji wa watu, kwa kuwa bila yeye hadithi huwa na mashujaa lakini haina watu.

Mmoja wao alikuja Nairobi. Jumba la Taifa la Maonyesho, lile lililo karibu na hoteli ya Norfolk, lilifunguliwa tarehe 6 Novemba 1952, na aliyealikwa kulifungua alikuwa mwigizaji Mwingereza, Sir Ralph Richardson. Tazameni tarehe hiyo vizuri. Hali ya hatari ilikuwa imetangazwa tarehe 20 Oktoba, siku 17 kabla. Jomo Kenyatta alikuwa mikononi mwa serikali, na miongoni mwa watu sita waliopelekwa Kapenguria kushtakiwa alikuwamo Paul Ngei, kijana wa huku kwetu Ukambani. Katika nchi iliyokuwa ikijaa vizuizi na misako, likafunguliwa jumba lenye jina la taifa, na taifa lenyewe liko nje.

Richardson mwenyewe simlaumu, na ningependa mumjue. Alizaliwa Cheltenham mwaka 1902. Kwa umaarufu alitajwa sambamba na Laurence Olivier na John Gielgud, lakini wenzake hao walikuwa na sura na sauti za kifalme, naye alikuwa na uso wa mtu unayeweza kumkuta akisubiri basi. Mwaka huohuo wa 1952, Stratford, alicheza Macbeth na wahakiki wakamchapa vibaya. Ufalme haukumkaa. Kilichomkaa kilikuwa ubinadamu wa kawaida. Katika filamu The Fallen Idol ya 1948 alicheza Baines, mtumishi wa nyumba ya balozi, na mtoto wa bwana wake anamwona ni mkubwa kuliko watu wote duniani. Wakati huo alikuwa tayari amepewa cheo cha Sir, mwaka 1947. Mtu mwenye cheo hicho akavaa koti la mtumishi, akapokea kofia za wageni na kufungua milango kwa namna ambayo mtazamaji hathubutu kumdharau Baines hata kidogo. Alifariki mwaka 1983, na filamu yake ya Greystoke ikatoka mwaka uliofuata ikampa uteuzi wa tuzo ya Oscar akiwa kaburini. Hata hapo alikuwa amecheza babu.

Nimemtaja kwa sababu ya yule mtumishi. Tutamrudia mtumishi.

Sasa nirejee kwa Wanjau. Alianza kuonekana katika michezo ya Sauti ya Kenya, kituo ambacho mwaka 1989 kiligeuka kuwa KBC, na kwa takribani miaka 30 akawa mtu wa kila nyumba: katika Vitimbi na mkewe wa mchezoni Mama Kayai, ambaye ni Mary Khavere, na katika Vioja Mahakamani mbele ya hakimu. Hadi KTN ilipofunguliwa mwaka 1990, nchi nzima ilitazama kituo kimoja. Maana yake ni kwamba Mturkana, Mswahili wa Lamu na sisi wa Emali tulicheka pamoja, usiku mmoja, kwa neno moja. Sioni kama kitu kama hicho kitarudi.

Alifanyaje? Hapa naomba vijana mnisikilize kama fundi anayefungua injini.

Kila lugha ya mama huacha alama katika Kiswahili cha mtu. Kikuyu hakina l, kwa hiyo Mkikuyu asiyejichunga huzichanganya l na r. Tena kuna zile b na d ambazo kinywani mwake hupenda kutanguliwa na sauti ya puani, ikawa mb na nd. Kijaluo nacho hakina sh. Shida huwa sida, shamba huwa samba. Mtu mvivu angedhani kazi imeisha hapo: weka s penye sh, nenda kapokee hela. Lakini fikirieni Wanjau alikuwa na mizigo miwili. Kwanza aufute ulimi aliolelewa nao, kwa sababu r moja tu ya Kikuyu ikichomoza, Ojwang' anakufa pale pale mbele ya taifa. Pili aujenge ulimi wa jirani, na ulimi wa jirani si konsonanti tu. Kuna mwendo wake. Kuna kule kuivuta silabi mtu anaposhangaa, kule kuanza sentensi kwa kishindo kisha kuiteremsha polepole kama mzee anayeketi. Halafu aibebe mizigo hiyo yote kwa miaka 30, akiwa na hasira, akiwa na njaa, akimnong'oneza Mama Kayai, akimkimbia askari, bila kusahau hata mara moja yeye ni nani.

Na hapo kuna jambo ninalolithamini kuliko yote. Ojwang' alichekesha, lakini sikuwahi kuhisi kwamba tunamcheka Mjaluo. Tulimcheka mzee mwenye kiburi, mwenye tamaa ndogondogo, anayejifanya hamwogopi mkewe na huku anamwogopa. Mzee huyo yuko Kisumu na yuko Kibwezi. Nilikuwa naye nyumbani, ndiye baba yangu mkubwa. Lafudhi ilitupa anwani yake, haikuwa kosa lake. Kijijini kwetu hatukuondoka kwenye televisheni ile tukiwadharau Wajaluo. Tuliondoka tukitamani mmoja wao ahamie sokoni.

Sasa niwaulize. Mkamba wa redioni na wa televisheni ni nani?

Mnamjua. Anashika rungu getini. Au ni mpishi. Anasema l kila mahali penye r, anaamini uchawi, anampigia bosi saluti, na kazi yake katika hadithi ni kuingia, kusema neno lililopinda na kutoka watu wakicheka. Nimeliona hilo maisha yangu yote, na ninyi pia, na wengine wetu tumelipwa kulifanya.

Getini pale hakujiweka. Serikali ya kikoloni ilikuwa na desturi ya kuyagawa makabila kama zana: hawa wa shamba, hawa wa karani, hawa wa bunduki. Wakamba waliwekwa fungu la bunduki, wakaingizwa kwa wingi katika King's African Rifles na katika polisi, wakapigana vita vya Waingereza hadi Burma. Waliporudi, shamba la Kitui lilikuwa lilelile linalosubiri mvua, na ujuzi waliokuwa nao ulikuwa wa kulinda. Ndipo jirani wa Nairobi akamwona Mkamba akiwa amesimama usiku mlangoni, akadhani amezaliwa hapo. Mwigizaji anayemcheza askari huyo bila kujua habari ya Burma anaiga kofia tu.

Hata ile lafudhi, mwaitendea ovyo. Ni kweli Kikamba hakina r. Gari kwetu ni ngali na barua ni valua. Lakini sikilizeni hiyo v ya valua: haiumwi kwa meno kama v ya Kiswahili, inapitishwa kati ya midomo miwili laini kama mtu anayepuliza chai. Kuna vokali saba, si tano. Mtu wa Kitui na mtu wa Makueni hawazungumzi sawa. Bibi yangu aliweza kukuambia mtu ametoka ng'ambo gani ya mto Athi kabla hajamaliza kusalimia. Mchekeshaji aliyebadilisha r kuwa l akanyamaza hajasema kama Mkamba. Amesema kama mchekeshaji mwingine aliyemtangulia.

Inaniuma zaidi kwa sababu Ukambani hatukosi urithi wa kumbeba mtu mwingine mwilini. Wengi wenu mmeona kilumi: ngoma zile ndefu, wanawake wazee, usiku kucha, kwa ajili ya mvua au uponyaji. Msomi wa Uswidi, Gerhard Lindblom, aliyekuja kuishi na Wakamba mnamo 1911 na kuchapisha kitabu kikubwa juu yao mwaka 1920, aliandika pia juu ya watu wanaoshikwa na pepo za kigeni, wakataka vitu vya mgeni huyo na kusema kwa namna yake. Kilumi ni ibada, na sitaki kijana yeyote aichukue akaipeleke mashindanoni akidhani ni pambo. Nasema hivi tu: bibi zenu walijua kwamba mtu mwingine anapoingia mwilini huingia kwa magoti, kwa mabega, kwa pumzi, na sauti huja mwisho. Sisi wenye vyeti tunaanza na sauti na tunaishia hapo.

Ninapozungumza haya, namkumbuka Profesa David Mulwa, aliyefundisha sanaa za maonyesho Chuo Kikuu cha Kenyatta miaka mingi huku yeye mwenyewe akiigiza na kuandika. Wengi wenu mmefundisha tamthilia yake Inheritance katika shule za upili. Lakini nawasihi mtafute riwaya yake ya 1979, Master and Servant. Huko tena kuna mtumishi, na kuna macho ya mtoto yanayomtazama, kama yule mtoto wa balozi anavyomtazama Baines. Waandishi wawili walioishi mbali hivyo, yule wa hadithi ya Baines huko Uingereza na Mulwa hapa Kenya, wakajua kwamba ukitaka kumwona mtumishi kwa ukubwa wake mpe mtoto amtazame.

Niseme sasa habari ya mwisho wa Wanjau, ambayo si nzuri, na sitaipitia haraka.

Macho yalimwisha. Mzee ambaye nchi ilimjua kwa miwani yake alifika mahali haoni vizuri, na pesa za matibabu hakuwa nazo. Wakenya walichangishana kwenye simu ili atibiwe, na waliotoa walitoa kwa moyo. Wengine walituma kidogo walichokuwa nacho. Tarehe 12 Julai 2015 alifariki katika Hospitali Kuu ya Kenyatta, akiwa na umri wa miaka 78. Siku hiyo watu waliandika, kwaheri Ojwang'. Wachache waliandika, kwaheri Wanjau. Hiyo ndiyo heshima ya juu anayoweza kupata mwigizaji wa watu, na pia ndiyo hatari yake: taifa lilimlilia mtu ambaye hajawahi kula, na aliyekuwa akila ndiye aliyekosa.

Huko Tanga alikuwapo mchekeshaji Amri Athumani, King Majuto, aliyeondoka Agosti 2018, naye katika ugonjwa wake watu walilazimika kuuliza swali lilelile: kazi zote zile zilizouzwa sokoni, fungu lake lilikwenda wapi? Ni swali la mkataba, na vijana hampendi mikataba. Mnapenda jukwaa. Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya 2001 inamtambua mwigizaji kuwa ana haki katika uigizaji wake. Kuna vyama vya kukusanya malipo ya haki hizo. Kuna mkataba wa kimataifa uliopitishwa Beijing mwaka 2012 kwa ajili ya waigizaji wa picha na sauti, ukaanza kutumika mwaka 2020. Kwa hiyo mtu akikuletea karatasi ya kutia sahihi, usitazame kwanza tarakimu ya siku ya leo. Tafuta mahali palipoandikwa habari ya marudio: kipindi kikionyeshwa tena baada ya miaka 10, kikiwekwa mtandaoni, kikiuzwa nchi nyingine, nani analipwa? Kama hapajaandikwa, mwambie aandike. Walimu, mfundisheni mtoto jambo hili siku ileile mnayomfundisha kupaza sauti.

Nimalizie na darasa moja.

Miaka michache iliyopita niliitwa kusaidia mazoezi ya shule fulani kabla ya tamasha la maigizo. Mchezo ulikuwa na askari wa usiku, Mkamba bila shaka, na aliyepewa uhusika huo alikuwa kijana wa Kitui mwenye kipaji. Aliingia na rungu, akasema l zake, akapiga saluti akajikwaa. Darasa likavunjika mbavu. Nikamwuliza kama anamjua askari wa usiku yeyote. Alikaa kimya, kisha akasema baba yake anafanya kazi hiyo Nairobi, Industrial Area, mwaka wa 14 sasa.

Nikamwambia atoke aingie tena, na asiseme neno lolote.

Alikaa nje muda mrefu hata wenzake wakaanza kunong'ona. Aliporudi, rungu alikuwa ameliacha. Alikuwa amevaa sweta lake la shule chini ya koti la mwalimu wa zamu, na kola ameiinua hadi masikioni. Alikuja mpaka mlangoni pa darasa, akaishika kufuli ambayo haikuwepo, akaivuta chini. Akaondoka hatua tatu. Akarudi, akaivuta tena. Akaketi juu ya kitu kifupi, nadhani debe, akatoa simu mfukoni, akaitazama saa, akapiga hesabu kwa vidole. Nilielewa baadaye kwamba alikuwa akihesabu kama ni mapema mno kupiga simu nyumbani, watoto wasije wakaamshwa. Akairudisha simu mfukoni. Akainuka, akaenda kuivuta ile kufuli mara ya tatu.

Hakuna aliyecheka. Msichana mmoja wa dawati la mbele, ambaye mjomba wake yuko getini Mombasa, aliniomba ruhusa akatoke nje kidogo.

Tulipoanza tena, nilimwambia kijana sasa aongeze maneno, kwa ulimi wa baba yake, kama anavyozungumza hasa. L zilikuwapo. Na ile v laini ilikuwapo. Alimwambia mwenye nyumba aliyechelewa kurudi maneno manne tu, karibu nyumbani, hakuna neno, na akaufungua mlango.